Kidonge cha Pili Kwenye Kisahani

Chumba cha mafaili cha hospitali ile kiko chini ya ardhi, ukishapita jiko na chumba cha kufulia, na dirisha lake la pekee limebanwa juu kabisa karibu na dari, usawa wa barabara. Aliyekaa mle haoni nyuso za watu, anaona miguu. Miguu inapita asubuhi, inapita mchana, inasimama kumngoja mtu, inachoka kungoja, inaondoka. Haraka alianza kazi mle akiwa binti mbichi na leo ana wajukuu, na mpaka sasa akikutana na mtu njiani macho yake huanza na viatu, ndipo yapande usoni. Wanaomjua wameshamzoea.

Haraka si jina alilopewa na wazazi wake. Alibandikwa na Mzee Nukta, bosi wake wa kwanza, na likamganda mpaka watoto wake mwenyewe wakawa wanamtania nalo. Naye Mzee Nukta, nani alimwita hivyo hakuna anayekumbuka, ila sababu kila mtu anaijua. Kazi ya chumba kile ni kuyapa magonjwa namba. Mgonjwa akitoka wodini faili lake linashuka chini, wao wanalisoma lote, mwandiko wa madaktari na mateso yake, kisha kila ugonjwa na kila kilichouleta kinapewa namba yake, ili ijulikane nini kinawaumiza watu na nini kinawaua. Namba hizo zina herufi mbele na nukta katikati, na mzee yule alikuwa tayari kumwamsha mtu usingizini kwa ajili ya nukta moja. Unapita na chai yako, huna habari, unasikia nyuma yako, "Umetia nukta?"

Ukimsikia Haraka akisimulia siku zile, utadhani chumba kilikuwa ikulu. Wapi. Kilinuka karatasi za zamani na unyevu, rafu za chuma zilikuwa zinakata vidole, na taa moja ilikuwa inalia nzzz kutwa nzima bila fundi kuiona. Lakini ndiyo hivyo tena, mtu hukumbuka alipokuwa na raha, na Haraka alikuwa na raha mle. Mzee Nukta alikuwa mkali wa maneno, moyo wake lakini ulikuwa laini: ukikosea alikufokea mpaka masikio yawake moto, halafu anakusogezea kiti chake kizuri kwa sababu chako kina mguu mbovu.

Alimfundisha mengi, ila somo ambalo Haraka hakulisahau ni la vidonge vya maji. Ni vile vidonge vya kupunguza maji mwilini, wanavyopewa watu wa presha na wa moyo, ambavyo mitaani huitwa vidonge vya mkojo kwa kuwa ukishameza usithubutu kwenda mbali na choo. Vina mema yake na vina visirani vyake. Maji yakitoka, chumvi za mwili nazo huweza kufuata, hasa ile potasiamu, mtu akaishiwa nguvu, akashikwa na kizunguzungu, akajikuta yuko sakafuni. Haya, kaanguka, kaletwa hospitali, katibiwa, faili limeshuka. Namba ipi? Mzee Nukta alimuuliza hivyo, na Haraka akajibu papo hapo, na papo hapo akakosea. Jina akalipata siku hiyo.

Maana namba haiji hivi hivi. Lazima kwanza ujue mtu alimeza kama alivyoambiwa au vipi. Kama alimeza sawasawa na dawa ikamgeuka, hiyo inaitwa athari: namba ya dawa inaishia na tano, na inakaa nyuma, ugonjwa wenyewe unatangulia. Kama alizidisha bila kukusudia, hilo ni kosa: namba inaishia na moja na inakaa mbele ya zote. Kama alipunguza, inaishia na sita. Kidonge ni kile kile, sakafu ni ile ile, ila ile tarakimu ya mwisho inasema ni dawa iliyokosea au ni mtu. Na kama faili halisemi, hukisii. Unapanda ngazi kumuuliza daktari.

"Usimchagulie mgonjwa," alikuwa akisema. "Panda ukaulize."

Ngazi zile Haraka alizipanda mpaka magoti yakaanza kumlaani. Siku nyingine alikuwa akirudi amenuna, anatupa faili mezani, na mzee anacheka kimyakimya na kumwambia akae anywe chai.

Na chai yenyewe ilitoka kwa Mama Chupa, mke wa Mzee Nukta. Mama huyo alikuwa analeta chupa ya chai kila siku saa za mchana, anatembea kwa miguu kutoka nyumbani kwao nyuma ya kituo cha zimamoto, kwa sababu chai ya kantini ya hospitali aliiona ni maji ya kuoshea vyombo. Alivaa viatu vya wazi vyenye mkanda wa buluu. Mzee Nukta angekuwa ameinama kwenye faili, kimya, huwezi kusema anaona kitu, kisha ghafla anafunika kalamu na kusimama kufungua mlango. Haraka akitazama dirishani ndipo anaona mkanda wa buluu unapita. Hata siku moja mzee yule hakungoja mlango ugongwe.

Mama Chupa hakumpa mtu kikombe bila kisahani. Chumba kinanuka unyevu, mafaili mpaka darini, yeye anatoa visahani kwenye kikapu kana kwamba kuna wakwe. Walikuwa na presha wote wawili, mume na mke, na kliniki iliwapa kidonge kimoja cha maji kila mmoja, kutwa mara moja. Mzee Nukta alipenda kuhadithia: asubuhi yeye ndiye anayebonyeza vidonge kutoka kwenye maganda, kimoja cha boksi lake na kimoja cha boksi la mkewe, anaviweka kwenye kisahani kimoja, wanameza pamoja. "Halafu tunashindana kwenda chooni," anamaliza, "na choo ni kimoja." Mama Chupa alikuwa akimpiga bega na kumwambia ana wazimu, na Haraka anacheka mpaka chai inamwingia puani.

Jioni kabla ya kufunga walikuwa na desturi yao. Haraka anasoma namba za siku hiyo kwa sauti, mzee amefumba macho, na kila namba anaijibu kwa jina la ugonjwa wake. Herufi, namba, nukta, namba. Kisha sauti ya mzee: mfupa wa paja, kifua, sukari, uzazi wa kawaida. Hakukosea. Namba moja tu ndiyo alikuwa haitaki, ile ya aliyefiwa na mtu wa nyumbani mwake. Daktari akiandika chini kabisa ya ukurasa kwamba mgonjwa ana msiba, Mzee Nukta alikuwa anaipiga mstari. Nani hana msiba, alikuwa akisema. Wakianza kuwapa namba waliofiwa, wataandika mtaa mzima na kazi hawatamaliza. Haraka alizoea kuiruka, na miaka ikaenda.

Miaka ikaenda kweli. Mzee akastaafu, wakamkatia keki, akatia doa la krimu kwenye tai yake na kusema hiyo nayo ni nukta. Rafu za chuma zikaondolewa nusu, kompyuta zikaja, wakaletwa vijana wanaosikiliza muziki masikioni huku wanagonga namba. Haraka akawa ndiye mkubwa wa chumba. Mwaka huu Mama Chupa akafariki, ghafla, hata kulazwa hakulazwa. Haraka alikwenda mazishini, akamshika mzee mkono, akaahidi kupita kumwona kila wiki. Alipita mara kadhaa, kisha kazi, kisha mjukuu kaumwa, unajua mambo yanavyokwenda. Alikuwa anajisemea atapita wiki ijayo.

Basi asubuhi moja faili likashuka. Siku hizi mafaili hushuka kabla mgonjwa hajatoka, maana karatasi za kutokea zinataka namba. Haraka akalifungua katikati kama kawaida yake, akaanza kusoma: mwanamume mzee, amekutwa sakafuni jikoni kwake na jirani, amekauka maji, potasiamu imeshuka mno, anatumia kidonge cha maji kwa ajili ya presha. Akajisemea, haya, hawa ndio wetu. Akafunua ukurasa wa kwanza kutafuta jina, na alipoliona akalifunga faili, akaweka kiganja juu yake. Kijana wa meza ya jirani akamuuliza kama yuko sawa.

Alipolifungua tena alisoma pole pole kama alivyofundishwa, na akaona tatizo. Ukurasa mmoja daktari ameandika, athari ya kidonge cha maji. Ukurasa unaofuata, mwandiko ule ule: huenda amezidisha dozi, mgonjwa hasemi. Maneno mawili yanagombana ndani ya faili moja, na namba inataka moja tu.

Akatoka kwenda kuvuta hewa, na hapo ngazini akakutana na mtoto wa pekee wa Mzee Nukta, fundi wa lifti, mwanamume mzima mwenye furushi la funguo kiunoni. Kazi yake iko mji mwingine, mbali. Walisalimiana, wakapeana pole, na fundi akasema yaliyomjaa moyoni bila kuulizwa.

"Dada, mimi nimeshamwambia daktari. Kama ni dawa ndiyo imemwangusha, waibadilishe, Baba arudi kwake, sina neno. Lakini kama anajimezea tu hajui amekunywa ngapi, basi namchukua. Nyumba nairudisha kwa mwenye nyumba mwisho wa mwezi. Siwezi kupigiwa simu niko juu ya lifti naambiwa baba yako kakutwa chini."

Hakusema kwa ubaya, na hilo ndilo lililomuuma Haraka. Macho ya fundi yalikuwa mekundu kwa kukosa usingizi. Kati ya funguo za kiunoni Haraka aliuona ufunguo wa nyumba ile nyuma ya kituo cha zimamoto, aliutambua kwa uzi wa buluu ambao Mama Chupa aliufunga ili asiupoteze. Kwa hiyo mzee alikuwa ameshanyang'anywa ufunguo. Mzee aliyeishi nyumba moja tangu aoe, kiti cha mkewe bado kiko mlangoni, apelekwe akakae kwenye chumba cha wageni ghorofani kwenye mji ambako hamjui hata muuza magazeti.

Haraka akarudi mezani kwake. Ukweli usemwe: alitaka kuandika tano. Alitaka sana. Daktari mwenyewe si ameandika athari, na sahihi yake ipo? Angegonga tano, karatasi zingepanda juu, fundi angesoma kwamba ni dawa, na mzee angerudi kulala kitandani kwake. Nani angeshuka ngazi zile kuja kumuuliza? Kidole kilikuwa kimeshafika juu ya kitufe. Na hapo ndipo alipomkasirikia Mzee Nukta kwa moyo wake wote, kwamba angemfundisha vibaya kidogo tu, leo angeweza kumsaidia. Akachukua faili, akasimama, akapanda.

Daktari alikuwa mwanamke kijana, hajala tangu asubuhi, anatafuna biskuti huku anaandika. Hakujitetea. Alisema damu inaonyesha maji na chumvi vimetoka kuliko ambavyo kidonge kimoja kingetoa, lakini yeye hawezi kumwambia mtu mzima amekosea kwa kutazama majibu ya maabara tu. Amemuuliza mzee asubuhi na jioni. Mzee anajibu kitu kimoja: andikeni mnavyoona.

Haraka akashangaa mpaka akakaa. Andikeni mnavyoona! Mtu aliyegombana na mabingwa kwa ajili ya tarakimu moja. Daktari akamtazama, akauliza kama wanajuana, na Haraka akasema ni mwalimu wake. Daktari akafunga biskuti zake mfukoni, akasema basi waende pamoja, pengine kwa Haraka atasema.

Kitanda cha Mzee Nukta kilikuwa cha mwisho, kimezungushiwa pazia. Kabla Haraka hajalivuta, sauti ikatoka ndani.

"Bado unakanyagia kisigino, Haraka."

Ameviona viatu chini ya pazia. Haraka akacheka na machozi yakamtoka kwa pamoja, akavuta pazia, akamkuta mzee amekuwa mdogo, shati la hospitali linamwelea, dripu mkononi. Fundi alikuwa amesimama upande wa miguuni, mikono kifuani. Daktari akavuta kiti. Waliulizana hali, wakasema mawili matatu ya chumba cha chini, taa ile bado inalia, ndiyo, bado inalia. Kisha Haraka akaliweka faili juu ya shuka.

"Faili lako lina maneno mawili yanagombana," akasema. "Nimepanda kuuliza."

"Ungetia tano tu, ukaenda zako."

"Wewe ungetia?"

Mzee akaangalia dripu inavyodondoka, akamwangalia mwanawe, akashusha macho. Haraka alijua anachokitazama. Kilikuwa ni ule uzi wa buluu kwenye furushi la funguo. Alitamani sana mzee aseme ndiyo, nilimeza kama nilivyoambiwa, neno moja tu, na yeye angeliandika na kuliamini. Lakini swali ni swali, na mwenye kulifundisha ndiye aliyelala pale.

"Ulimeza kama ulivyoambiwa?"

"Hapana," Mzee Nukta akasema. "Viwili. Kila asubuhi."

Fundi akashusha pumzi, akamgeukia daktari kama mtu aliyekuwa analingoja neno hilo na bado limemchoma. Daktari hakumtazama. Alimwinamia mzee akamuuliza taratibu kama alikuwa anasahau, anameza kimoja, halafu hakumbuki, anameza tena. Mzee akasema yeye hakusahau kitu. Na hapo akaanza kusimulia, sauti iko chini, macho kwenye shuka, kama anasoma faili la mtu mwingine.

Alisema asubuhi ya kwanza baada ya watu wa msiba kuondoka aliamka, akaweka kisahani mezani, akatoa maboksi mawili kabatini. Akabonyeza kimoja cha boksi lake, akabonyeza kimoja cha boksi la mkewe. Mkono ulifanya wenyewe. Alipovitazama viwili pale ndipo alipokumbuka. Kidonge kikishatoka kwenye ganda hakirudi, kwa hiyo alimeza chake, cha mkewe akakiacha pale pale kwenye kisahani. Mchana akakikuta. Jioni akakikuta. Alipotaka kukitupa, mkono ukakataa. Kesho yake mkono ukabonyeza tena viwili, vikawa vinalundikana, vyeupe, vinamtazama akila, vinamtazama akinywa chai. Asubuhi moja akachoka, akakimeza na cha mkewe. Kuanzia hapo ikawa hivyo, kimoja chake, kimoja cha mama kutoka lile lundo, mpaka akaanguka.

Daktari akaweka kalamu chini. Kisha akamuuliza, kwa heshima, kama alitaka kujidhuru.

"Hapana, mwanangu," akasema Mzee Nukta. "Nilitaka kisahani kiwe kitupu."

Pazia la kitanda cha jirani likavutwa na nesi, likarudishwa. Fundi alikuwa amegeukia ukuta, mkono mmoja umeshika chuma cha kitanda, na funguo zilikuwa zinalia kidogo kiunoni kwake ingawa hakuwa anatembea. Aliongea bila kugeuka.

"Mbona hukuniambia, Baba? Kila siku nakupigia, unasema mzima."

"Ningekwambia nini? Kwamba namtolea mama yako dawa?"

Fundi akaketi pale pale miguuni pa kitanda, akaishika miguu ya baba yake juu ya shuka, akainamisha kichwa. Haraka akatazama pembeni, maana mtoto wa mtu akilia humkodolei macho. Alikuwa amemjua Mama Chupa kwa chai yake na viatu vyake, akadhani anajua pengo aliloliacha. Hakujua kitu. Wiki zote zile alizokuwa anasema atapita wiki ijayo, vidonge vilikuwa vinalundikana kwenye kisahani.

Mzee Nukta ndiye aliyewarudisha kazini. Alimwambia daktari aandike vizuri sasa, alizidisha, hakukusudia, na asiweke neno huenda, maana neno huenda halina namba. Daktari akaandika. Akamweleza kwamba dawa itabadilishwa, damu itapimwa tena, na kuna mama mmoja wa ushauri angependa wakae waongee. Boksi la pili litolewe nyumbani. Fundi akasema atakwenda kulichukua. Mzee akasema hapana, atalitoa yeye mwenyewe kwa mkono wake. Kisha daktari akasita, kalamu hewani, akamuuliza kama anaruhusu aandike na habari ya kufiwa, kwa kuwa ndiyo iliyoleta yote hayo. Mzee Nukta akamtazama Haraka.

"Andika," akasema.

Kesho yake, saa za mchana, Haraka alikuwa ameinama kwenye kompyuta. Akainua kichwa, hata hajui kwa nini, na dirishani akaona jozi mbili za viatu zinakwenda kwa hatua fupi fupi, moja inaingoja nyingine. Akasimama akafungua mlango kabla haujagongwa.

Mzee Nukta aliingia ameshikwa mkono na mwanawe, akakitazama chumba, akaitazama taa, akakaa kwenye kiti chake cha zamani kana kwamba hakuwahi kuondoka. Fundi alibaki mlangoni na mkoba. Alimweleza Haraka kwamba ameomba likizo kazini, atahamia kwa mzee kwanza, nyumba hairudishwi. Mpaka lini, hakusema. Mzee akalalamika kwamba mtoto huyu anakoroma tangu yuko mdogo na sasa ndio balaa, lakini alipokuwa analalamika alikuwa anagusagusa mfuko wa shati, na Haraka akaona uzi wa buluu umening'inia nje. Mzee alikuwa ameruhusiwa asubuhi, wakapita nyumbani, kisha wakarudi hospitalini mpaka dirisha la dawa. Boksi la Mama Chupa alilikabidhi mwenyewe.

"Soma," akasema Mzee Nukta. Akafumba macho.

Haraka akajua anachotaka. Akalifungua faili lake kwenye kompyuta, akajikohoza. Vijana wa meza za jirani wakatoa vitu vyao masikioni bila kuambiwa.

"T, hamsini, nukta, moja, X, moja."

"Kidonge cha maji," mzee akajibu. "Kimezidishwa kwa bahati mbaya. Umeiweka mbele?"

"Nimeiweka mbele."

"Endelea."

"E, themanini na saba, nukta, sita."

"Potasiamu imeshuka."

Namba iliyofuata, ile waliyozoea kuiruka, Haraka hakuwahi kumsomea mzee huyu hata mara moja katika miaka yote ile.

"Z, sitini na tatu, nukta, nne."

Mzee Nukta alifumbua macho, na macho yakapanda dirishani. Fundi akapiga hatua moja kutoka mlangoni, akasimama.

"Rudia," mzee akasema.

"Z, sitini na tatu, nukta, nne."

"Mke wangu," akasema Mzee Nukta.

Haraka hakumsahihisha. Nje watu walikuwa wanapita, viatu vyeusi, viatu vya shule, raba zilizochakaa, na wote waliokuwa mle chumbani wakakaa wanavitazama.